Katuni ya Masala Kulangwa inawezekana kwa mkasi, kioo na taa

Mhariri,

Tunaomba nafasi katika ukurasa wa barua tuchangie mjadala unaozuka kila panapotajwa filamu za watoto. Husemwa kwamba hadithi za Kanda ya Ziwa haziwezi kuwa katuni kwa sababu hatuna kompyuta zenye nguvu, programu za bei kubwa wala wataalamu waliosomea ughaibuni. Hoja hiyo imerudiwa mpaka walimu wameiamini, na watoto wa Igoma na Buzuruga hapa Mwanza wanawajua mabinti wa kifalme wa Ulaya kuliko wanavyomjua Masala Kulangwa, shujaa wa hadithi za Wasukuma. Sisi tunaotengeneza filamu za vivuli tunaipinga, na ushahidi tunaoutegemea una zaidi ya miaka 100.

Mwaka 1922, mjini Berlin, Lotte Reiniger, aliyezaliwa mwaka 1899, alitengeneza filamu fupi ya Sinderela kwa mkasi, karatasi nyeusi, kioo na taa. Haina sauti, na ina urefu wa dakika kama 12. Wahusika wote ni vivuli vyeusi mbele ya mwanga. Mwanzoni kabisa mtazamaji anaona mkasi ukikata karatasi na mhusika akitokea papo hapo. Msanii hakuificha kazi ya mikono yake, aliiweka mbele. Alifuata hadithi kama ilivyoandikwa na Jacob na Wilhelm Grimm, waliochapa mkusanyo wao wa kwanza wa ngano za Wajerumani mwaka 1812. Kwa hiyo wanaomsaidia yatima ni ndege, na dada wa kambo anaukata mguu wake mwenyewe ili kiatu kiingie. Mama wa kambo anapozidiwa na hasira, anapasuka vipande viwili. Kwa mhusika wa karatasi, hasira ya namna hiyo inaonyeshwa kwa kukata mara moja, na hakuna mwigizaji wa nyama na damu anayeweza kuifanya.

Mwaka huohuo, upande wa pili wa dunia, katika mji wa Kansas City nchini Marekani, kijana Walt Disney alitoa katuni yake fupi ya Kofia Nyekundu, nayo haikuwa na sauti. Yeye alichora. Hapa ndipo wanaotaka kuanza wanapotakiwa kusimama na kupiga hesabu. Filamu za zama hizo zilikimbizwa kwa kasi ya picha 16 hadi 18 kwa sekunde, kwa hiyo dakika 12 ni zaidi ya picha 11,000. Anayechora analazimika kumchora mhusika upya kila anaposogea. Anayekata anamkata mhusika mara moja tu, kisha anamsogeza. Studio ya Disney ya Kansas City ilifilisika mwaka 1923, ingawa ilikuwa na vijana kadhaa wa kuchora. Reiniger aliendelea, na mwaka 1926 akatoa filamu ya zaidi ya saa moja kuhusu Mwanamfalme Achmed kutoka Alfu Lela u Lela, ambayo ndiyo filamu ndefu ya katuni iliyo kongwe kuliko zote zilizobaki hadi leo. Aliitengeneza na kikundi kidogo akiwamo mumewe, Carl Koch, aliyekuwa akiendesha kamera.

Njia ya mkasi inatufaa, basi, na tungependa kueleza inavyofanyika ili mwalimu wa sanaa au kikundi cha vijana kianze bila kusubiri mfadhili.

Kwanza meza. Reiniger alikuwa na meza yenye kioo juu, taa chini ya kioo, na kamera iliyotazama chini kutoka juu. Mpangilio huo haujabadilika. Mwambie fundi wa vioo akukatie kipande cha unene wa milimita 6, upana sentimita 60 na urefu sentimita 80, asage kingo. Kioo cha milimita 3 kinapinda katikati, na mtu akiegemeza kiwiko kinavunjika. Fundi seremala atengeneze fremu ya mbao yenye kimo cha sentimita 75, kioo kikalie ndani ya mfereji kisicheze hata kidogo. Chini yake weka boksi lililopakwa rangi nyeupe ndani, na ndani ya boksi taa mbili za LED za wati 9 kila moja, zikiwa sentimita 35 hadi 40 chini ya kioo. Balbu za zamani zinazotoa joto usizitumie: karatasi inakauka, inajikunja, na mhusika anaanza kuinuka mgongo katikati ya tukio.

Juu ya kioo tandaza karatasi ya kunakilia ramani, ile inayopitisha mwanga, tabaka moja au mawili, uibane kwa selotepu pande zote. Kisha piga picha ya meza tupu. Ukiona duara jeupe katikati na pembe zenye giza, taa ziko karibu mno. Zishushe sentimita 5 au ongeza tabaka la karatasi. Kazi hii imalizike kabla ya kitu kingine chochote, kwa sababu mwanga usio sawa hauonekani kwa macho lakini unajitokeza vibaya kwenye picha.

Umeme wa mtaani una tabu mbili. Ukipungua nguvu na kurudi, taa hufifia na kung'aa, na filamu inapepesa kama macho yenye vumbi. Pili, balbu nyingi za bei rahisi hupepesa kwa kasi ambayo macho hayaioni, lakini kamera ya simu huiona kama mistari inayotembea. Dawa ya yote mawili iko kwenye soko la samaki la Mwaloni: taa za LED za betri na sola ambazo wavuvi wa dagaa wanazitumia usiku badala ya karabai. Mwanga wake ni tulivu mradi betri imejaa. Anza kazi betri ikiwa imejaa, na usiiache ishuke chini ya nusu katikati ya tukio moja.

Simu janja ya kawaida inatosha kuwa kamera. Ifunge kwenye mkono wa mbao juu ya meza, umbali wa sentimita 60 hadi 70 kutoka kwenye kioo, kwa skrubu na mpira, isitingishike. Weka hali ya ndege, maana simu ikiita inatetemeka na fremu inahama. Funga fokasi, funga kiwango cha mwanga, funga na rangi; simu ikiachwa ijiamulie, kila mhusika mweusi anapoingia yenyewe itaongeza mwanga. Usibonyeze kioo cha simu kwa kidole. Chomeka spika za masikioni zenye waya na utumie kitufe cha sauti kupigia picha. Simu nyingi zinakubali. Zipo programu za bure za kupiga picha moja moja na kuziunganisha, na zilizo nzuri huonyesha picha iliyopita kwa uhafifu juu ya ile unayotaka kupiga, ili uone umesogeza kiasi gani. Wanaokaa mezani wavae nguo nyeusi. Shati jeupe linajionyesha kwenye kioo, na ukiligundua baada ya picha 90 umeshapoteza mchana.

Sasa wahusika, na hapa ndipo penye kazi yenyewe.

Kila mhusika anaonekana kwa ubavu. Kivuli hakina macho wala tabasamu, kwa hiyo kila kitu kinabebwa na mstari wa nje: paji, pua, midomo, kidevu, shingo, mgongo. Fisi anatambulika kwa mgongo ulioshuka nyuma, masikio ya duara na nywele za shingoni zilizosimama. Sungura ni masikio na mapaja. Mama anatambulika kwa mtungi kichwani na fundo la kanga kiunoni. Maua ya kanga hayaonekani kwenye kivuli, ila unaweza kutoboa pindo kwa ncha ya kisu ili mwanga upenye. Reiniger alitoboa nguo za wahusika wake hivyo hivyo, na ndipo unapoona uhodari wake. Namna alivyokata nayo ni ya kuiga: mkono wenye mkasi ulitulia, karatasi ndiyo iliyozungushwa. Mwanafunzi anayezungusha mkasi hutoa mstari wa meno meno, na kwenye kioo chenye taa kila jino linaonekana.

Tumia manila nyeusi. Ikikosekana, boksi la biskuti au la sabuni linafaa, lipakwe wino mweusi pande zote mbili, kwa sababu upande mweupe uliobaki huangaza kwenye kingo. Mhusika mkuu awe na kimo cha sentimita 18 hadi 20. Kata kichwa pamoja na shingo, kifua, kiuno, mikono ya juu miwili, mikono ya chini miwili pamoja na viganja, mapaja mawili, miundi miwili na nyayo mbili. Vipande 13. Wanaoanza hupenda kuunganisha kifua na kiuno kuwa kipande kimoja, na wanaishia na mtu aliyemeza ufagio. Utengano wa kifua na kiuno ndio unaomfanya mhusika aonekane anapumua, anachoka, anachuchumaa. Mahali vipande vinapokutana, acha duara la upana wa sentimita 1.5 kila upande, yalaliane kabisa, la sivyo mwanga utapenya kwenye kiwiko kila mkono unapokunjwa.

Viungo: toboa kwa sindano katikati ya duara zote mbili, pitisha waya mwembamba wa shaba, ule unaotoka kwenye mota mbovu, kisha kunja kila ncha iwe konokono bapa. Kiungo kizuri kinasogea kwa kusukumwa na kubaki kilipoachwa. Kikiwa legevu, ukigusa goti kichwa nacho kinageuka. Kikibana mno, manila inachanika kwenye tundu baada ya picha mia mbili tatu. Uzi wenye fundo na tone la gundi unafanya kazi pia, lakini unalegea upesi.

Reiniger aliongeza bati jembamba la risasi kwenye wahusika wake ili watulie juu ya kioo. Tunajua risasi inapatikana hapa kirahisi, wavuvi wanaitumia kwenye nyavu. Tunaomba sana isitumike, hasa na watoto, kwa sababu ni sumu na inashika vidoleni. Kata bati la kopo la soda, lisuguliwe kingo kwa msasa, ligundishwe nyuma ya kiuno na nyayo. Uzito unatosha. Msimu wa mvua manila hunyonya unyevu wa ziwa na kujikunja, kwa hiyo kila jioni wahusika walale chini ya vitabu vizito. Na feni izimwe wakati wa kupiga picha, hata kama chumba ni tanuri.

Kwa picha za karibu usisogeze simu. Kata mhusika mwingine, kichwa na mabega tu, wa sentimita 30. Shingo yake ikatwe mbalimbali na kichwa, na taya liwe kipande chake. Reiniger alikuwa na mhusika mmoja kwa ukubwa tofauti kulingana na tukio, na sababu ni rahisi: pua iliyokatwa kwa mhusika wa sentimita 18 ikisogelewa inaonekana kama kokoto.

Mandhari hayakatwi kwa manila nyeusi yote, vinginevyo mhusika anapotea ndani yake. Hapa Mwanza tuna bahati ya mawe. Kata miamba ya mbali kwa tabaka moja la karatasi ya kunakilia, itatoka kijivu hafifu. Iliyo karibu zaidi kwa matabaka mawili. Inayofuata kwa matatu. Ukingo wa mbele kabisa, nyasi au matete, ndio uwe mweusi kamili. Ziwa ni nafasi iliyoachwa wazi yenye mstari mmoja wa upeo. Kwa usiku, filamu za kale zilichovywa kwenye rangi, buluu kwa usiku, manjano kwa mchana wa jua, nyekundu kwa moto. Nailoni ya buluu juu ya boksi la taa inatoa matokeo hayohayo.

Sasa tuje kwenye kusogeza. Tunashauri picha 12 kwa sekunde. Dakika moja ni picha 720, dakika tatu ni 2,160. Kikundi cha watu wanne waliozoea, mmoja akisogeza, mmoja akipiga, mmoja akihesabu kwenye daftari na mmoja akitazama kingo za fremu, kinapiga picha kama 200 kwa mchana mmoja. Hadithi ya dakika tatu inachukua michana 11, bila kuhesabu kukata.

Hatua moja ya mtu anayetembea kawaida ni nusu sekunde, yaani picha 6. Miguu inapokuwa imeachana kabisa, mwili unashuka kidogo. Mguu mmoja unapopita mwingine, mwili unapanda. Tofauti ni milimita 3 tu kwa mhusika wa sentimita 18, lakini ukiisahau mtu anaelea kama mtumbwi. Hakuna kitu kinachoanza kwa kasi kamili wala kusimama ghafla: mkono unaoinuka usogee milimita 1, kisha 3, kisha 6, kisha 6, kisha 3, kisha 1. Kabla ya tendo kubwa, mhusika arudi nyuma kidogo na atulie kwa picha 6 hadi 8. Utulivu huo ndio unaomwambia mtazamaji aangalie wapi. Wanaoanza huogopa kutulia, wakidhani katuni ni kusogea muda wote, na matokeo yake mtazamaji hajui ni nani anayetenda.

Kosa linaloharibu filamu nyingi za vivuli ni kugusana. Vivuli viwili vikigusana vinakuwa doa moja. Acha upana wa kidole kati ya wahusika, isipokuwa wanapopigana au kukumbatiana kwa makusudi. Vivyo hivyo mkono ukipita mbele ya kifua umepotea. Kula, kulia, kunyoosha kidole, kila kitendo kifanyike nje ya mstari wa mwili.

Kwa safari ndefu, mhusika atembee palepale katikati ya fremu na mandhari yavutwe nyuma. Unganisha ukanda wa karatasi ya kunakilia wenye urefu wa mita 2, uvute sentimita 1 kwa kila picha. Fremu yenye upana wa sentimita 60 inakubakizia sentimita 140, yaani picha 140, karibu sekunde 12. Unyayo ulio chini lazima urudi nyuma sentimita 1 hiyohiyo, la sivyo mtu anateleza kama yuko juu ya sabuni. Chora alama za kalamu kwenye ukingo wa ukanda, nje ya fremu, usikadirie kwa macho.

Anayekata wanyama awatazame kwanza. Kisiwa cha Saanane kiko hapo jirani; kilianzishwa mwaka 1964 kikiwa bustani ya kwanza ya wanyama nchini na kikawa hifadhi ya taifa mwaka 2013. Swala pala wapo, na pimbi hawahitaji hata nauli ya boti, wako juu ya mawe ya mji mzima. Pimbi hutulia muda mrefu kisha huchomoka. Swala huinua kichwa kabla ya kuinua mguu. Mambo kama hayo hayawezi kubuniwa mezani.

Tumemtaja Masala Kulangwa, na tunarudi kwake kwa sababu katika hadithi zote za Usukuma hii ndiyo inayofaa zaidi kwa vivuli. Jitu Shing'weng'we linameza watu na mifugo ya dunia nzima. Mwanamke mmoja mjamzito anajificha kwenye lundo la pumba, anajifungua mtoto. Mtoto anakua na kuuliza watu wako wapi. Anakwenda kuwinda na kurudi na panzi, kisha ndege, kisha swala, na kila mara anamwuliza mama yake kama huyo ndiye Shing'weng'we. Mwishowe analiua jitu lenyewe, analipasua tumbo, na watu wote wanatoka.

Mtengenezaji wa vivuli akisikia hivyo anaona kazi nusu imeshafanyika. Kurudiarudia kwa mawindo kunaruhusu mandhari yaleyale na mwendo uleule kutumika mara tatu. Kinachobadilika ni mnyama begani. Ukubwa wa jitu unapatikana kwa kutolionyesha lote: kata taya lenye bawaba la upana wa sentimita 40 na mguu mmoja, basi. Kumeza ni kumsogeza mtu nyuma ya taya na kumwondoa. Tumbo likatwe likiwa na dirisha, na dirisha lizibwe kwa matabaka manne ya karatasi ya kunakilia. Ondoa tabaka moja moja kila baada ya picha 10 na watu walio ndani wataanza kuonekana kidogo kidogo kabla ya kisu kuingia. Umati unaotoka usiukate mtu mmoja mmoja. Kata mikanda mitatu ya vichwa na mabega, na isogezwe kwa kasi tofauti, milimita 3, 5 na 8 kwa picha, ule wa karibu ndio uende haraka.

Kuna sehemu ambayo wengi wangependa kuifuta. Masala Kulangwa anapopasua tumbo, kisu kinamkata sikio bibi kizee aliyekuwa ndani, naye hamsamehe, anatafuta kumlipizia. Tunaambiwa watoto wasionyeshwe. Tunashauri iachwe. Bila bibi huyo hadithi inakuwa ya shujaa na jitu, na za namna hiyo zimejaa duniani; pamoja naye inakuwa hadithi ya mtu aliyewaokoa wote na bado akajipatia adui miongoni mwa aliowaokoa. Reiniger naye hakumwondolea Sinderela wake mguu uliokatwa. Kivuli kinaruhusu ukali huo kwa sababu hakina nyama: sikio ni kipande kidogo cha karatasi kinachoanguka, na mtoto anaelewa bila kuogofywa. Mavazi, vigoda, ngoma na umbo la msonge vihakikiwe katika makumbusho ya Bujora, Kisesa, kabla ya mkasi kushikwa. Mzee aliyesimulia aandikwe jina lake mwishoni mwa filamu, kwa ridhaa yake.

Kuhusu ukimya. Filamu za zama zile hazikuonyeshwa kimya. Palikuwa na mpiga piano au kundi la wanamuziki ukumbini, na huko Japani msimulizi alisimama kando ya pazia akieleza. Sisi tumezoea kumsikia mtu akifasiri filamu kwa sauti katika mabanda ya video, kwa hiyo msimulizi hai si mgeni kwetu. Usiharakishe kurekodi sauti. Maandishi ya kati ya picha yawe meupe juu ya weusi, yasizidi maneno 8, kwa sababu maneno ya Kiswahili ni marefu, na yakae sekunde 4, yaani picha 48. Kipimo chake ni kumpa mtoto wa darasa la tatu ayasome kwa sauti mara mbili; akikwama, punguza maneno. Mwanzoni acha sekunde 3 za weusi mtupu ili msimulizi aseme "Paukwa!" na ukumbi ujibu "Pakawa!" Wimbo wa ndani ya hadithi nao uachiwe nafasi yake, mhusika akitikisa kichwa kwa mzunguko wa picha 12 unaoweza kurudiwa mara nyingi kadiri watu wanavyoendelea kuimba.

Anayeanza asianze na jitu. Aanze na sekunde 10, picha 120, za mwanamke anayeshusha mtungi kutoka kichwani na kuuweka chini. Ndani ya sekunde hizo kuna uzito, kuna kiuno, kuna magoti, kuna mikono miwili inayofanya jambo moja. Mtungi ukionekana mzito, kikundi kiko tayari. Ukionekana mwepesi, tatizo karibu kila mara ni kwamba magoti hayakukunjwa kabla ya mikono kushuka, au mtungi ulisogea kwa hatua zinazolingana mwanzo hadi mwisho.

Jambo la mwisho ni nakala. Negativu asili ya filamu ya Mwanamfalme Achmed iliangamia Berlin mwaka 1945, na tunaiona leo pamoja na rangi zake kwa sababu nakala yake ilikuwa imehifadhiwa London. Simu inaibiwa, inaanguka ziwani, inajaa na mtu anafuta bila kuangalia. Kila jioni picha za siku hiyo zihamishiwe kwenye kumbukumbu mbili zinazokaa nyumba mbili tofauti, zikiwa na jina la tukio na namba ya tarakimu nne kuanzia 0001, ili hata programu ikigoma mtu aweze kuzipanga upya. Wahusika nao wawekwe kwenye bahasha, kila mmoja na yake, ikiandikwa jina na tukio. Tukio likihitaji kurudiwa baada ya mwezi, mhusika aliyekatwa upya hafanani kamwe na wa kwanza.

Nafasi ikiruhusu, Mhariri, tuko tayari kukuletea mchoro wa meza na vipimo vyake pamoja na ruwaza ya vipande 13 vya mhusika, ili msomaji aukate moja kwa moja kutoka gazetini na kuubandika juu ya manila.

Watengenezaji wa filamu za vivuli,
Kirumba, Mwanza.